Kabla Hujasaini Fomu ya Watu wa Kamera

Juzi msomaji mmoja wa Iringa ameniandikia. Kuna mwongozaji wa filamu anataka kumfuata na kamera mwaka mzima, shambani, kanisani, nyumbani, bila kuigiza chochote, aishi tu kama anavyoishi. Akubali? Mdogo wangu, kubali. Lakini nisikilize kwanza.

Mimi nafundisha mpira wa wasichana Morogoro, na dokumentari ilitengenezwa kuhusu timu yangu. Mwanzoni kila mtu alijipamba, kisha tukaizoea kamera. Hapo ndipo kazi yao inapoanza. Hawakuulizi maswali wala hawakupangi usimame wapi. Wanasubiri usahau kwamba wapo. Asubuhi wanakubandika kinasa sauti kwenye kola, unashinda nacho. Unaingia jikoni, unafunga mlango, unabishana na mumeo kwenye simu kuhusu kodi ya nyumba, na kijana aliye uani mwenye visikilizi masikioni anapata kila neno.

Ugomvi ule uliingia kwenye filamu. Mazoezi ya alfajiri, miezi na miezi, yakapewa dakika chache. Niliomba kuiona kabla haijatoka, nikaambiwa uhariri bado. Nikaja kuiona Ngome Kongwe, Zanzibar, katikati ya umati, wifi yangu kakaa pembeni. Ilipokwisha watu walisimama kuwapigia makofi wasichana wangu, na fahari ile sitaisahau. Wifi hakupiga. Mpaka leo ukweni naitwa mwanamke wa kuanika mambo ya ndani.

Kwa hiyo omba kuiona mapema, na liandikwe kwenye fomu ya ridhaa. Usitegemee ahadi ya mdomo. Mwalimu Georges Lopez wa Ufaransa, aliyeonekana akifundisha darasani kwake katika dokumentari Être et avoir ya 2002, alikwenda mahakamani kudai fungu lake la mapato filamu ilipopendwa, akashindwa. Kisilu Musya, mkulima wa Kitui, Kenya, yeye alishika kamera na kurekodi familia yake mwenyewe. Dokumentari hiyo, Thank You for the Rain, ilipotoka 2017, alitajwa kama mwongozaji mwenza. Omba nafasi kama hiyo. Hakuna atakayekupa usipoomba.

Jifunze kinasa sauti kinazimwa wapi, na ukizime bila kuona haya. Nyumba ni yako. Fomu ikija kwa Kiingereza, irudishe. Iletwe ya Kiswahili, isomwe mbele ya kila mtu wa nyumbani atakayeonekana, na atakayekataa aheshimiwe, hata akiwa mtoto wa darasa la tatu.