Vidonda vyeupe mdomoni mwa mtoto: je, nimnyunyizie dawa ya rangi mbili?

Swali: Daktari, mwanangu wa miaka 7 ametokwa na vidonda viwili vyeupe ndani ya mdomo wa chini, na hii ni mara ya tatu mwaka huu. Hana homa, ila akila analia. Jirani amenishauri nifungue kapsuli ya rangi mbili nimnyunyizie unga wake. Je, ni sawa? (Mama, Tandahimba)

Jibu: Pole kwa kuuguza, mama. Tafadhali usimnyunyizie unga huo. Vidonda unavyovieleza havisababishwi na bakteria, kwa hiyo antibiotiki, ambayo ndiyo kawaida huwa ndani ya kapsuli hizo, haina cha kutibu hapo. Tena kapsuli hiyo ikiwa ni tetrasaiklini, mojawapo ya antibiotiki, inaweza kutia madoa ya kudumu kwenye meno ya mtoto aliye chini ya miaka 8, hata yale ambayo bado hayajachomoza.

Mkalishe penye mwanga, umfunue mdomo taratibu, uangalie. Kidonda cha aina hii ni cha mviringo, cheupe au cha manjano katikati na chekundu pembeni, nacho hukaa kwenye nyama laini, yaani ndani ya midomo, mashavuni au chini ya ulimi. Hakiambukizi, na kwa kawaida hupona chenyewe ndani ya siku 7 hadi 14. Ukiona malengelenge mengi, fizi zilizovimba na homa, huenda ni virusi vya hapesi, ambavyo huambukiza kwa mate. Na kwa kuwa huko kwenu korosho hazikosekani uani, muulize kwa upole kama amebangua korosho ghafi kwa meno, kwani mafuta ya ganda lake huunguza, na midomo hubabuka hata kwa nje.

Asukutue kwa nusu kijiko cha chai cha chumvi katika glasi ya maji ya vuguvugu, kisha ateme. Kwa maumivu, mpe parasetamoli miligramu 15 kwa kila kilo ya uzito wake, kila baada ya saa 6. Aspirini asipewe kabisa. Uji uliopoa, maziwa na dafu vitapita vizuri, lakini ndimu, pilipili na embe mbichi vingoje.

Kinachonishughulisha zaidi ni hiyo mara ya tatu. Jino lenye ncha linaloukwaruza mdomo linaweza kuwa chanzo, lakini pia upungufu wa madini ya chuma, foleti (aina ya vitamini B) au vitamini B12, na minyoo ya safura hummaliza mtoto damu, pamoja na madini hayo ya chuma, kimyakimya. Mpeleke kituo cha afya apimwe wingi wa damu na choo, hata kama vidonda hivi vitakuwa vimepona. Akishindwa kunywa, au akikaa saa 8 bila kukojoa, mpeleke siku hiyohiyo.