Barua kwa mwanangu aliyeko Onomichi, Japani

Mwanangu mpenzi,

Barua yako tumeisoma mimi na baba yako. Umeniuliza kuhusu huyo kijana wa kiwanda cha meli, ambaye mnavuka naye kwa kivuko kila asubuhi na hajawahi kutamka neno la mapenzi: je, anakupenda, au ni heshima tu?

Mimi naona anakupenda. Ulinieleza kwamba nyumba za hapo zimepanda mlimani juu ya reli, vichochoro ni ngazi za mawe, gari halifiki. Na ulipolazwa na mafua, alitoka kazini Mukaishima, kisiwa cha ng'ambo, akavuka, akazipanda ngazi zote na mchele na machungwa begani. Akaviweka mlangoni, akabisha hodi, akashuka kuwahi kivuko. Wewe ulihuzunika kwamba hakuingia. Mimi nilimshukuru Mungu, maana huyo analinda jina lako mbele ya majirani. Mji huo ni bandari tangu 1169. Maneno matamu ya wapita njia umeyasikia mengi.

Tena fikiria alikolelewa. Japani, ndoa za kupangwa zilikuwa nyingi kuliko za kuchaguana hadi miaka ya 1960. Picha ilipelekwa, vijana wakaonana wazee wakiwepo, na jibu likapitia kwa mshenga. Babu na bibi yake huenda walioana hivyo, wakapendana wakiwa tayari nyumba moja. Hata posa wanayo, huiita yuino, ingawa siku hizi wengi hawaipeleki.

Lakini mwanangu, mchele mlangoni si ahadi. Una haki ya kuisikia nia yake kwa kinywa chake, na usione haya kuuliza. Usimwulize kivukoni, pana watu na safari ni ya dakika chache. Kaeni mahali, umwambie: "Nataka kujua una nia gani na mimi." Kisha nyamaza. Hata akichelewa kujibu, usimsaidie maneno, wala usicheke ili kumwondolea aibu. Mwache ayatafute mwenyewe.

Akisema ni ndoa, azungumze na baba yako kwa simu, wewe ukiwatafsiria. Suala la dini na la wapi mtaishi tutaliweka wazi siku hiyohiyo, kabla watu hawajaanza kushona nguo.

Mama yako