Hakuna mtendaji anayeweza kukufanya mrithi

SWALI: Wakili, baba yetu alifariki mwaka 2021, kwao Marangu. Kaka yangu wa mama mwingine amepewa usimamizi wa mirathi na Mahakama ya Mwanzo. Kwenye muhtasari wa kikao cha ukoo mimi sikuandikwa. Cheti changu cha kuzaliwa kina jina la ubatizo la baba, ila cheti cha kifo kina jina lake la Kichaga. Kuna mtu hapa Moshi mjini anasema kwa laki 3 atanitolea cheti kipya na barua ya mtendaji inayonitambua kuwa mrithi. Nimpe?

JIBU: Usimpe hata shilingi, dada yangu. Haipiti wiki bila mtu kuingia ofisini kwangu na bahasha ya namna hiyo, na wengi huja wakiwa wameshalipa.

Mtendaji hana mamlaka ya kumtangaza mtu kuwa mrithi. Kikao cha ukoo nacho hakina. Muhtasari ule ni pendekezo kwa mahakama la nani asimamie mirathi, na kuachwa kwako humo hakukuondoi kwenye damu ya baba yako. Kinachokufanya mrithi ni uhusiano wako na marehemu, na uhusiano huo unathibitishwa kwa vitu vilivyokuwepo yeye akiwa hai. Hapo ndipo watu wanapokosea: wanadhani karatasi mpya ina nguvu kuliko ya zamani.

Niliwahi kuona cheti cha kuzaliwa cha mtu wa miaka 40 na zaidi, hakijakunjwa hata mara moja, kimesajiliwa wiki tatu baada ya mazishi. Sheria inaruhusu kuchelewa kusajili. Lakini wakili wa upande wa pili aliweka kidole kwenye ile tarehe, akauliza nani alipeleka taarifa za usajili, na mwenye cheti akanyamaza. Alikuwa mtoto halali kabisa. Baada ya hapo hata mashahidi wake wa kweli walisikilizwa kwa mashaka.

Wewe nenda usharikani ulikobatizwa, uombe kumbukumbu kutoka kitabu cha ubatizo. Mara nyingi baba huandikwa humo kwa majina yote mawili, kwa mkono wa mtu asiyejua kwamba siku moja kutakuwa na ugomvi wa kihamba, yaani shamba la ukoo. Tafuta fomu za shule alizosaini, na kama alikuwa na ajira, karatasi za bima au mafao alizokuandika kama mtegemezi. Shangazi au mzee wa jirani aliyemfahamu kwa majina yote mawili aape kiapo kwamba ni mtu mmoja, kisha awe tayari kuja mahakamani kuulizwa maswali. Kiapo peke yake ni chepesi.

Usikimbilie Baraza la Ardhi wala kufungua mirathi ya pili. Rudi mahakama ileile, omba kupekua jalada. Angalia kaka yako aliwataja nani kuwa warithi kwenye Fomu namba 1, ile ya kuomba usimamizi. Angalia pia kama amewasilisha orodha ya mali na madeni, Fomu namba 5. Alitakiwa kufanya hivyo ndani ya miezi 4 tangu ateuliwe, labda mahakama iwe imemwongezea muda. Baada ya hapo anatakiwa kuleta hesabu, Fomu namba 6, kwa vipindi ambavyo mahakama itapanga. Kama alikuficha, unayo hoja ya kuomba usimamizi wake utenguliwe. Barua ya usimamizi aliyo nayo kaka yako haimpi shamba. Inampa kazi ya kukusanya mali, kulipa madeni na kuwagawia warithi.

Na hawa vishoka wanaoshinda nje ya mahakama na mihuri mifukoni, nawaambia wasomaji wote: kughushi hati ni jinai, na kifungo chake kinaweza kufika miaka 7. Kishoka jina lake haliandikwi popote. Anayesimama kizimbani ni aliyeipeleka hati mahakamani huku akijua ni ya uongo, na wewe dada unajua hivyo tayari, kwa sababu amekutajia bei.