Maswali yenu kuhusu Mount Saint Elias, mlima uliokaa mlangoni kwa bahari

Nilivyoutaja juu juu mlima wa Saint Elias ule wa Alaska nikasema ni mgumu kuliko Kilimanjaro, mmenijia juu kweli kweli. Haya tujibizane.

Kaka, Kili ni mita 5,895 na huo wako ni 5,489. Ugumu unatokea wapi? (Arusha)

Unatokea chini, sio juu. Wewe mgeni wako unamshusha na gari lango la Marangu, pale tayari uko karibu mita 1,900, umeshapunguziwa theluthi ya mlima na hujatoa hata jasho. Saint Elias unaanzia baharini, maji ya chumvi kabisa, na kutoka maji yanapoishia mpaka kileleni kwa mstari ulionyooka ni kilomita kama 16 tu, yaani toka Posta ya Dar ukipita Ubungo hata Mbezi hujafika, sasa kwenye hako kaumbali weka ukuta wa zaidi ya mita 5,000 halafu ufunike barafu toka juu mpaka chini. Hakuna njia iliyokanyagwa, hakuna kibanda, na mpishi wa kukuamsha na chai ya tangawizi sahau.

Halafu kuna unyevu. Mimi nimepandisha wageni miaka kadhaa, pale Barafu Camp, kambi ya juu ya Kili, baridi yetu ni kavu, chupa ya maji tunaigeuza mdomo chini ili barafu igandie kwenye kitako asubuhi unywe. Kule tatizo ni theluji nzito yenye maji inayoanguka usiku kucha, mnaamshana kwa zamu kufukua hema kwa koleo, theluji isije ikawafunika humo ndani.

Ni wa Marekani au wa Kanada? (Mombasa)

Wote. Mpaka wa Alaska na Yukon unapita juu yake, na ni wa pili kwa urefu kwa wote wawili. Marekani unazidiwa na Denali, Kanada unazidiwa na Logan.

Mbona barafu yetu inaisha na yao imejaa mpaka pwani? (Moshi)

Dada, sisi tuko digrii 3 tu kutoka ikweta, wao wako digrii 60 kaskazini. Lakini baridi peke yake haitoshi, kuna sehemu zina baridi kali na barafu hazina, lazima upate wa kukuletea maji na kule mletaji ni bahari. Upepo unatoka Ghuba ya Alaska umebeba mvuke, unagonga ukuta wa milima, unapanda, unapoa, unamwaga. Yakutat, kamji kadogo ka karibu pale, kanapata zaidi ya milimita 3,500 za mvua kwa mwaka, Dar sisi kwenye 1,100 tu tayari Jangwani hapapitiki. Sasa hayo maji huko juu yanashuka kama theluji, yanashindiliana, yanageuka barafu inayotembea taratibu mpaka uwanda wa pwani inatandaa kama uji uliomwagika mezani. Hiyo ndo barafu ya Malaspina, kama kilomita za mraba 3,900, Unguja inaingia mara mbili na nafasi inabaki.

Ila usiwaonee wivu sana maana na ya kwao inarudi nyuma. Oktoba 2015 kwenye mkono wa bahari unaoitwa Taan, barafu iliyokuwa imeegemea mlima wa kando yake ilishaondoka zamani, ubavu ukabaki hauna wa kuushika, ukaporomoka majini na wimbi likapanda mita 193 ng'ambo ya pili. Bahati hapaishi mtu.

Nani wa kwanza kufika juu? (Kampala)

Swali lako limenifurahisha maana jamaa huyu nyie mnamjua. Luigi Amedeo, mwanamfalme wa Italia, Duke wa Abruzzi, alifika kileleni Julai 31, 1897 na wenzake, watu kumi wote. Walivuka Malaspina kwa miguu wakiburuta mizigo, na kwenye mizigo kulikuwa na vitanda vya chuma jamani, vitanda! (mzigo sio wake peke yake, kulikuwa na wapagazi wa Kimarekani, na mimi kama mtu niliyebeba mizigo nawaonea huruma mpaka leo). Baada yao hakuna aliyerudia mpaka 1946.

Huyo huyo 1906 akaja Ruwenzori, akapanda kilele cha Margherita mita 5,109 pale Uganda na Kongo mnapopakana, akiwa na mpiga picha yule yule wa Alaska, Vittorio Sella. Baadaye akahamia Somalia kulima kando ya mto Shebelle, akafia huko 1933, na huko ndo alizikwa.

Nikitaka kwenda nifanyeje? (Muscat)

Kwanza jifunze kutembea umefungwa kamba na wenzako, maana chini ya theluji kuna nyufa huzioni, inaonekana sawa kama zulia, unakanyaga, umezama. Wengi wanaenda kati ya Aprili na Juni, wanapanda ndege ndogo yenye skii badala ya matairi inawashusha kwenye barafu na kuondoka. Chakula weka cha siku nyingi zaidi ya ulizopiga hesabu, maana mawingu ya baharini yakishafunga rubani haji, hata kama mmemaliza mlima na mmekaa juu ya mabegi mnasikilizia mlio wa injini.