Nimeshinda kesi ya deni: je, nimfunge mdaiwa wangu?

SWALI: Assalaam alaykum sheikh. Nauza vitambaa kwa jumla hapa Tanga. Nilimkopesha fundi cherehani mzigo wa shilingi milioni 6, akawa ananikwepa, nikamshtaki na nikapata hukumu. Mwaka umepita sijaona hata senti. Wakili anataka tuombe kukazia hukumu: dalali wa mahakama akamate vyerehani vyake, na fundi aende jela kama mfungwa wa madai. Mkewe alikuja kwangu analia, eti hawana kitu. Je, kumfunga ni dhambi? Na nikimsamehe, naweza kulihesabu deni kuwa zaka yangu?

JIBU: Waalaykumus salaam ndugu yangu. Kudai haki yako si dhambi. Naona machozi ya mama yule yamekutia wasiwasi. Mtu mmoja alimdai Mtume (s.a.w.) kwa maneno makali mpaka Maswahaba wakataka kumvamia, akawaambia wamwache, kwani mwenye haki ana la kusema. Na amesema pia kwamba mwenye uwezo kuchelewesha deni ni dhuluma.

Mwenye uwezo, lakini. Asiye nacho ana aya yake, Suratul Baqara 280: akiwa na dhiki, apewe muda mpaka afarijike. Kwa hiyo suala zima ni moja: anacho au hana? Na hilo haliamui wakili wako wala mkewe. Linaamuliwa na hakimu baada ya kumsikiliza mdaiwa mwenyewe.

Kwenye madhehebu yetu ya Shafi, deni lililotokana na mali aliyoipokea, kama vitambaa vyako, kiapo chake hakitoshi. Alete mashahidi wanaoijua hali yake ya ndani. Ingekuwa deni la mahari, au amemdhamini mtu, angeapa yakaisha. Hapo fiqhi imeegemea upande wako. Ila ikithibiti kuwa hana, hafungwi, wala huruhusiwi kumganda kila aendapo. (Imam Abu Hanifa ameruhusu kumfuatafuata, kwetu sisi hapana.)

Sheria ya madai ya Tanzania haiko mbali na hapo. Mdaiwa huitwa kwanza aeleze kwa nini asifungwe, na mahakama ikiridhika kuwa ni umaskini, inaweza kukataa kumfunga. Basi hakikisha wito umemfikia mkononi. Wapo wanaofurahi ukibandikwa kwenye mlango wa nyumba aliyohama zamani, kisha wanadai amekaidi. Hiyo ni hila, na hukumu utakayoipata kwayo mimi siwezi kukuhalalishia. Ujue pia kwamba posho ya chakula chake huko gerezani unailipa wewe, na akitoka deni liko palepale.

Vyerehani viache. Sheria inakataza kukamata zana za fundi, nguo, vyombo vya kupikia na matandiko, hata nyumba anayoishi na familia yake. Katika hili la nyumba sheria ya nchi ni laini kuliko Imam Nawawi, mwanachuoni wa madhehebu yetu, ambaye katika kitabu chake Minhaj ameruhusu iuzwe. Sioni haya kusema hapa napenda ulaini. Ana kiwanja au pikipiki? Hivyo viuzwe, na ushikilie utaratibu aliotaja Nawawi: mdaiwa awepo, kila kitu kiuzwe kwenye soko la vitu vya aina yake na kwa bei yake ya haki. Asije dalali akampa rafiki yake kwa bei ya kutupa, fundi akapoteza mali na deni lisipungue.

Kabla ya yote hayo, kaeni muandikiane malipo ya kila mwezi. Kaab bin Malik alipogombana na mdaiwa wake msikitini, Mtume alimwashiria Kaab apunguze nusu. Akakubali, na papo hapo mdaiwa akaambiwa: inuka umlipe.

Kuhusu zaka: kufuta deni kwa nia ya zaka hakusihi kwa kauli yenye nguvu kwetu. Fundi akithibiti kuwa hana, yumo katika wenye madeni waliotajwa Suratut Tawba 60 kuwa wanastahili zaka, basi mpe zaka mkononi bila sharti lolote. Akikurudishia kwa hiari yake kulipa deni, ni halali yako. Wallahu aalam.