Bahari yangu ya uchawi inawachosha wasomaji

SWALI: Shikamoo mhariri. Naandika hadithi ya dunia ya kubuni, ina bahari ya uchawi, ukiiomba chochote inakupa, samaki wanaongea, maji yanapaa, ila wenzangu wanaishia ukurasa wa pili tu. Nifanyeje? – Msomaji, Chumbageni, Tanga

JIBU: Marahaba mwanangu. Bahari yako haina miiko, inatoa tu, sasa mtu ataogopa nini? Ipe sheria, na sheria unazo hapo hapo Tanga. Chukua bamvua, mwezi mpevu au ukiandama maji yanajaa sana na yanatoka sana, basi sema uchawi unafanya kazi maji yakitoka tu, saa chache hizo, anayeomba lazima aende mpaka mwisho wa mchanga na akizidisha maneno maji yanamkuta katikati. Hapo nani ataacha kusoma?

Halafu punguza maajabu. Silikanti, yule samaki wataalamu walidhani alitoweka miaka milioni 65 iliyopita mpaka akavuliwa Afrika Kusini mwaka 1938, yupo Tanga na ana hifadhi yake, na haongei kabisa! Ana mapezi mazito kama viguu, anakaa kina kirefu chenye giza. Samaki mmoja wa hivyo, kimya, anatisha kuliko hao wako mia wanaopiga soga.

Na ule mwanga wa usiku, ukichovya kasia maji yanawaka kibuluu, ni vijidudu vinavyowaka vikitikiswa. Kwako viwake akipita mwongo tu. Andika upya sura ya kwanza, unitumie, nitaisoma.