Je, rai ya mwanazuoni mmoja ilitosha kuituliza dhamiri?

SWALI: Nimesoma kwamba Wajesuiti (watawa wa shirika moja la Kanisa Katoliki) wa karne ya 17 walimruhusu mtu kutenda apendavyo, mradi apate mwanazuoni mmoja wa kumuunga mkono. Ni kweli, au ni maneno ya mahasimu wao?

JIBU: Ukweli umo, ila umepindwa. Kwanza, fundisho hilo halikuanza na Wajesuiti. Aliyelitamka waziwazi ni Bartolomé de Medina, mtawa wa shirika jingine la Kikatoliki, la Wadominiko, huko Salamanca, Hispania, mwaka 1577: rai ikiwa na hoja nzito, inaruhusiwa kuifuata hata kama iliyo kinyume chake ina hoja nzito zaidi.

Pili, lilihusu sheria yenye utata tu. Muungamishi, yaani padre anayesikiliza maungamo ya dhambi, alipaswa kutenganisha shaka ya sheria na shaka ya jambo lenyewe. Je, kazi fulani imekatazwa siku ya sikukuu? Hapo wanazuoni wakitofautiana, mtu hufuata rai inayomwacha huru. Lakini mwindaji aonaye kichaka kikitikisika, asijue kama ni mnyama au mtu, haruhusiwi kufyatua risasi. Rai ya mwanazuoni haibadilishi kilichomo kichakani.

Kisha yalikuja maswali ya mazingira: nani, nini, wapi, kwa msaada gani, kwa nini, vipi, lini. Hayakuwa mapambo. Aliyeiba kikombe cha misa kanisani ameiba na pia amekufuru, na Mtaguso wa Trento, mkutano mkuu wa maaskofu Wakatoliki, uliagiza mwaka 1551 kwamba mazingira yanayobadili aina ya dhambi yaungamwe.

Palipoharibika ni kwenye kupima uzito. Rai iliweza kupewa uzito kwa hoja zake au kwa jina la aliyeisema. Jina moja lenye heshima lilipoanza kutosha, vitabu vikawa vinanukuliana, na muungamaji mjanja akajua pa kukimbilia. Pascal, mwanafalsafa Mfaransa, alipiga hapohapo katika barua zake 18 za 1656 na 1657, akimwandama hasa Escobar, Mjesuiti wa Hispania. Ni mwandishi mtamu, lakini usimsome peke yake: anachagua kesi mbaya kuliko zote.

Mwaka 1679 Papa Inosenti XI alilaani kauli 65 za ulegevu, bila kulifuta fundisho lenyewe. Na mwaka 1690 Aleksanda VIII akalaani ukali wa upande wa pili, uliokataza kufuata hata rai yenye hoja nzito kupita zote. Kwa hiyo kitabu chako kikitaja kesi, tazama kama kinakuonyesha hoja za mwanazuoni au jina lake tu.